Mawe ya Shambani Yalinde Udongo Wako

Je, shamba lako liko mtelemkoni? Basi, mvua kubwa ikiisha kunyesha, nenda ukatazame maji ya mto. Utayaona mekundu. Wekundu ule ni udongo wako. Ndio uliotazamia ukupe mahindi ya mwakani na uji wa watoto, nao wakwenda zake wala hautarudi.

Dawa i papo hapo shambani. Ni yale mawe yanayoharibu jembe lako kila siku. Yakusanye, ujenge nayo ukuta wa kuzuia udongo. Huna haja ya kununua saruji wala chokaa.

Labda utauliza: Ukuta usio na saruji utasimamaje? Huko Kenya, katika Kaunti ya Migori, liko boma la mawe liitwalo Thimlich Ohinga. Wajuzi wasema lilijengwa yapata karne ya 16, mawe matupu, bila kitu cha kuyagandisha. Kuta zake huenda juu mita moja na nusu hata mita nne na nusu, na hata leo zimesimama. Mwaka 2018 UNESCO iliandika boma hilo katika orodha ya Urithi wa Dunia. Nguvu yake ni mawe kupangwa vema, nawe waweza kujifunza.

Kwanza, weka alama. Ukuta ukate mtelemko kwa usawa, usishuke nao. Funga miti mitatu mfano wa herufi A, miguu iwe sawa kwa urefu, kisha ning'iniza juu kamba yenye jiwe. Kamba ikipita katikati ya mti wa kulala, miguu yote miwili imesimama usawa mmoja.

Pili, chimba msingi wa futi moja, hata ufike udongo mgumu. Kwa ukuta wa futi 3, upana wa chini uwe futi 2. Mawe makubwa kuliko yote yalale humo. Ukuta uegemee kilima: kila futi moja ya kwenda juu, rudi nyuma inchi 2.

Tatu, panga. Jiwe moja lilale juu ya mawili, ili mshono usipande moja kwa moja. Urefu wa jiwe uingie ndani, upande mfupi ndio utazame nje. Wengi hufanya kinyume ili kazi iende upesi, na ukuta wao hubomoka. Jiwe likitikisika, lipigie kabari ya jiwe kwa nyuma, maana kabari ya mbele huchomoka.

Nne, nyuma ya ukuta jaza mawe madogo kwa mkono, usitupie udongo. Adui wa ukuta ni maji yaliyofungiwa nyuma yake. Yakipata nafasi ya kupenya, hutoka taratibu na udongo hubaki. Yakikosa njia, huusukuma ukuta mpaka uanguke.

Mwisho, funika juu kwa mawe mapana na mazito. Usipite futi 3. Kama mtelemko ni mkali, jenga kuta mbili fupi badala ya mmoja mrefu. Geuza kila jiwe kwa mti kabla ya kulishika, maana nge na nyoka hupenda kulala chini yake. Watoto wasikae upande wa chini mnapoviringisha mawe. Kazi yao iwe kuokota yale madogo.

Anza kiangazi hiki, hatua chache kila siku. Mvua ya kwanza ikinyesha, toka nje na jamaa yako mtazame udongo uliobaki nyuma ya ukuta. Wazee walisema: Usipoziba ufa, utajenga ukuta. Lakini shamba likiisha kuchukuliwa na maji, hata ukuta hautakufaa. Basi jenga mapema.