Kuisoma Pwani kwa Limau na Jedwali la Maji

Katika shule zetu nyingi, somo la pwani hufundishwa ubaoni. Mwalimu huchora ukuta wa mwamba, mstari wa maji na mishale michache ya mawimbi. Mwanafunzi hunakili, hukariri, na pengine hufaulu mtihani. Lakini mwanafunzi huyo huyo akiulizwa jiwe la msingi wa nyumba yao lilitoka wapi, au kwa nini ufuko aliouchezea utotoni umekuwa mwembamba, huenda asiwe na la kujibu. Makala haya yanakusudia kumwonyesha mwalimu jinsi awezavyo kulichukua kundi dogo la wanafunzi kwa siku moja, kutoka magenge ya rasi ya Msasani jijini Dar es Salaam hadi ufuko wa Kunduchi, na kurejea jioni na jibu la swali moja: pwani yetu hujengwa na nini, na huliwa na nini?

Vifaa vinavyohitajika ni vichache: malimau matatu, bilauri mbili, rula, kamba yenye alama kila mita moja, daftari na penseli. Wanafunzi wasizidi 12. Juu ya miamba iliyochongoka sauti ya mwalimu humezwa na mawimbi, na watu 40 hawawezi kuhesabiwa kwa kutupa jicho mara moja.

Kuichagua siku

Siku ya safari haichaguliwi kwa kuitazama ratiba ya shule, bali kwa kuutazama mwezi. Maji ya bahari hujaa na kupwa mara mbili kwa muda wa saa 24 na dakika 50 hivi, kwa sababu ya mvuto wa mwezi na jua. Mwezi unapoandama, na tena unapokuwa mpevu, mivuto hiyo miwili huungana, na siku moja au mbili baadaye huja bamvua: maji hujaa sana na kupwa sana. Katika robo ya kwanza na ya mwisho ya mwezi huja maji mafu, ambapo tofauti ya kujaa na kupwa ni ndogo.

Sisi tunataka bamvua. Katika pwani ya Dar es Salaam, tofauti ya maji wakati wa bamvua hufikia mita 3 na zaidi, na kwa bahati njema maji hufikia kikomo cha kupwa karibu saa 4 asubuhi, kisha hujaa kabisa karibu saa 10 alasiri. Kwa hiyo asubuhi tunaweza kutembea penye sakafu ya bahari, na alasiri tukaiona bahari hiyo hiyo ikiupiga ufuko. Hata hivyo, mwalimu asitegemee kukisia; aipate saa kamili katika jedwali la maji la mwaka huo.

Kuna jambo moja ambalo hapana budi lieleweke kabla ya mtu yeyote kukanyaga mwamba. Maji hayapandi kwa mwendo mmoja. Mabaharia hugawa kupanda kote katika mafungu 12: saa ya kwanza hupanda fungu 1, ya pili mafungu 2, ya tatu na ya nne mafungu 3 kila moja, ya tano 2, na ya sita 1. Ikiwa maji yatapanda mita 3, basi saa ya kwanza yatapanda sentimita 25 tu, lakini saa ya tatu yatapanda sentimita 75. Saa ya kwanza hudanganya.

Hesabu hiyo niliijua kitabuni kabla ya kuijua miguuni. Miaka mingi iliyopita, nikiwa nimerejea karibuni kutoka masomoni ng'ambo, niliwaongoza wanafunzi kwenye tambarare ya mwamba. Mvuvi mzee aliyekuwa akirudi na tenga lake alisimama akasema, "Mwalimu, watoe watoto, maji yamegeuka." Nikamjibu, "Bado kidogo, mzee wangu," kwani mbele yetu mwamba ulikuwa mkavu. Sikuwa nimetazama nyuma. Kati yetu na nchi kavu palikuwa na mfereji ulio chini kuliko mwamba tuliosimama, nao ulikwisha kujaa. Tulivuka maji yakiwa kiunoni, tumeshikana mikono, mzee yule akiwa mbele. Hakuna aliyeumia. Tangu siku hiyo kanuni yangu ni moja: kuingia saa moja kabla ya kikomo cha kupwa, na kutoka kabla maji hayajatimiza saa moja tangu kugeuka.

Ukuta uliokuwa hai

Saa 3 asubuhi kundi na lisimame mbele ya genge, lakini si chini yake. Genge ni ukuta wa mwamba unaosimama wima juu ya bahari. Hapa una urefu wa mita chache tu, rangi yake ni ya kijivu, na uso wake umechongoka kama meno ya msumeno. Waacheni wanafunzi waukaribie mahali ambapo juu hapajaning'inia, wautazame kwa makini. Wataona mabonge yenye vijitundu vilivyopangika kama sega la nyuki, na kati yake vipande vya kombe. Hayo ni matumbawe.

Tumbawe ni makazi yaliyojengwa na wanyama wadogo sana, ambao hutoa katika maji ya bahari madini ya kalsiamu kabonati na kuyafanya mifupa. Ndani ya miili yao huishi mwani wa seli moja ambao huwapa chakula kwa nguvu ya jua. Ndiyo maana matumbawe ya namna hii hustawi katika maji ya joto, maangavu, na yasiyo na kina kirefu. Baadhi ya matumbawe ya bonge hukua kwa kadiri ya sentimita moja kwa mwaka. Mwanafunzi na apime kwa rula. Bonge lenye kimo cha sentimita 50 lilichukua miaka kama 50 kujengwa: umri wa mtu mzima, katika jiwe moja.

Sasa lije swali. Ikiwa matumbawe huishi chini ya maji, haya yamefikaje juu? Jibu ni kwamba bahari ndiyo iliyohama. Yapata miaka 125,000 iliyopita, dunia ikiwa katika kipindi cha joto, bahari ilisimama mita 6 hadi 9 juu ya ilivyo leo, na miamba ya matumbawe iliyojengwa wakati kama huo ndiyo inayoonekana leo katika sehemu nyingi za pwani ya Afrika Mashariki. Kisha maji mengi ya dunia yakagandama kuwa barafu, na yapata miaka 20,000 iliyopita bahari ilikuwa imeshuka kiasi cha mita 120. Wakati huo mtu angeweza kutembea kwa miguu kutoka bara hadi Unguja. Lakini si hadi Pemba, kwani mkondo wake una kina cha mamia ya mita.

Jaribio la kwanza. Chukueni kipande kidogo cha jiwe kilichokwisha kuanguka, kisageni, mtie unga wake katika bilauri, na mkamulie limau. Vipovu vitatokea. Tindikali ya limau inaivunja kalsiamu kabonati, na hewa inayotoka ni kaboni dioksaidi. Hewa hiyo hiyo hutoka katika tanuri la chokaa, ambamo gramu 100 za kalsiamu kabonati safi huacha gramu 56 tu za chokaa, na gramu 44 hupotelea angani. Ndipo tunapofahamu hasara ya kung'oa matumbawe yaliyo hai ili kuyachoma: kazi ya miaka 50 humalizika katika moto wa siku chache, na karibu nusu yake ni moshi usioonekana.

Mahali pa maji kujaa, mwamba umeliwa kwa ndani, ukafanya mbonyeo wa mlalo kama mdomo uliofunguka. Mawimbi yana sehemu yake katika kazi hiyo, lakini wafanyakazi wengine ni viumbe: konokono wanaokwangua mwani pamoja na jiwe, na chaza na minyoo wanaotoboa. Vipimo vilivyofanywa katika kisiwa cha Aldabra, kwenye mwamba wa aina hii, vilionyesha ulaji wa kadiri ya milimita moja kwa mwaka. Ni kidogo mno. Lakini sehemu ya juu iliyobaki ikining'inia huanguka siku moja, bila hodi. Kwa sababu hiyo tusisimame chini yake, wala tusipumzike kivulini mwake.

Saa 4 kundi litembee kwenye tambarare ya mwamba, huku kila mtu akiandika viumbe avionavyo kutoka juu kwenda chini: konokono wadogo, kisha chaza, kisha mwani. Kila tabaka linaonyesha ni kwa saa ngapi kiumbe huweza kuvumilia jua. Viatu visivuliwe. Pia konokono wenye kombe la umbo la pia wasiguswe, kwani baadhi yao wana sumu iwezayo kuua.

Mchanga usiotoa vipovu

Baada ya chakula, safari iendelee kaskazini hadi Kunduchi. Hapa hakuna genge, kuna ufuko. Jaribio la pili: tieni mchanga katika bilauri safi, mkamulie limau. Wanafunzi watatazamia vipovu kama vya asubuhi. Vitakuwa vichache, na sehemu kubwa ya mchanga itabaki kimya.

Ukimya huo ndio funzo kuu la siku. Mchanga mweupe wa visiwa vya Mbudya na Bongoyo, vilivyotangazwa kuwa hifadhi mwaka 1975, hutokana zaidi na matumbawe na kombe. Lakini mchanga wa Kunduchi kwa wingi wake ni kwatzi, madini ambayo hakuna mnyama wa baharini ajengaye mwamba wake kwayo. Umetoka nchi kavu, katika vilima vilivyo nyuma ya mji, ukaletwa na mito midogo kama Tegeta na Mbezi. Pepo za kusi huusukuma kuelekea kaskazini, na za kaskazi huurudisha kusini.

Basi ufuko una mapato na matumizi, kama duka. Mapato ni mchanga wa mito. Matumizi ni ule unaochukuliwa na mawimbi. Mji ulipokua, mchanga ulichimbwa kwa wingi katika mito hiyo kwa ajili ya kujengea nyumba. Mapato yakapungua, matumizi yakabaki yale yale. Katika miaka ya 1980 na 1990 ufuko ulirudi nyuma, na majengo kadhaa yakaharibiwa. Wenye mali walijenga kuta za mawe kuingia baharini. Upande mmoja wa ukuta ulipata mchanga, na jirani wa upande wa pili akazidi kuukosa. Juu ya hayo, tangu mwaka 1900 wastani wa kimo cha bahari duniani umepanda kiasi cha sentimita 20.

Saa 10 alasiri, maji yakiwa yamejaa, wanafunzi wakae juu ya ufuko watazame. Bahari itaonekana ndiyo mkosaji. Mwalimu na awaulize: lori la mchanga lililopita mbele ya shule juma lililopita lilitoka wapi?

Kazi ya darasani

1. Chora mstari wa kupanda kwa maji kwa saa 6, ikiwa tofauti ni mita 3.6. Ni katika saa zipi maji hupanda kwa kasi zaidi?

2. Kwa kadiri ya milimita moja kwa mwaka, mbonyeo wenye kina cha mita 2 ulihitaji miaka mingapi?

3. Pimeni kwa kamba umbali kutoka mti au nguzo hadi ukingo wa maji ya bamvua. Wekeni alama, na darasa la mwaka ujao lipime tena mwezi ule ule. Baada ya miaka kumi shule itakuwa na kumbukumbu yenye thamani, ambayo hakuna kitabu kiwezacho kuipa.