Mwenyeji wa Saa Tano na Nusu Usiku

Watoto wamelala, vyombo vimeoshwa, na mtu mzima aliyechoshwa na siku anataka kitu kimoja tu kabla ya kuzima taa: mtu wa kupiga naye soga. Kwa miaka 30 mamilioni ya Wamarekani walikuwa na Johnny Carson. Alianza kuendesha The Tonight Show ya kituo cha televisheni cha NBC tarehe 1 Oktoba 1962, akaaga tarehe 22 Mei 1992. Meza, kochi, bendi na utani wa ufunguzi alivikuta. Steve Allen ndiye aliyeanzisha kipindi mwaka 1954, kisha akaja Jack Paar. Carson alichokileta ni adabu ya mwenyeji. Kwangu mimi, hiyo ndiyo roho ya kazi hii yote.

Ufundi wa adabu hiyo aliuanza mapema. Alikulia Norfolk, mji mdogo wa Nebraska, na akiwa kijana alijifunza mazingaombwe na kuyafanya mbele ya watu kwa malipo kidogo, akijiita The Great Carsoni. Anayefanya mazingaombwe hawezi kuyatazama mapambo ya ukumbi; anayatazama macho ya watu, ajue wanaangalia wapi. Chuo kikuu, mwaka 1949, kazi yake ya mwisho ilihusu namna wachekeshaji wa redio wanavyotunga utani, na aliiwasilisha kwenye mkanda wa sauti, ili msikilizaji asikie mwenyewe kicheko kinapoanzia. Baadaye aliandikia utani mchekeshaji Red Skelton. Siku moja ya mwaka 1954 Skelton aliumia mazoezini muda mfupi kabla ya kwenda hewani, na mwandishi huyu kijana akaitwa kushika nafasi. Wengi hupata bahati ya namna hiyo mara moja. Wachache huikuta wakiwa tayari.

Tumtazame kazini. Kipindi kilihamia Burbank, California, mwaka 1972, na kilikuwa kikirekodiwa saa kumi na moja na nusu jioni ili kirushwe usiku huohuo. Pazia la rangi linafunguka, Carson anatoka, anasimama palepale siku zote, anaanza utani uliotokana na magazeti ya asubuhi. Mmoja unadoda. Ukumbi kimya. Mchekeshaji wa kawaida hapo angekimbilia utani unaofuata. Yeye anatulia, anaitazama kamera kama mtu aliyepewa chai isiyo na sukari, anagusa tai yake, na ukimya wenyewe unageuka kicheko. Watu walijifunza kuusubiri utani mbovu kuliko mzuri. Akimaliza, anapiga gofu bila fimbo wala mpira, anakwenda kukaa mezani, penye penseli zenye vifutio ncha zote mbili.

Pale mezani ndipo kazi ngumu ilipokuwa. Mwendeshaji ana maswali yaliyoandaliwa na wasaidizi, ana dakika chache, ana matangazo ya biashara yanayosubiri, na lazima asahau hayo yote mgeni akifungua mdomo. Carson alicheka mgeni alipochekesha, hata kama kicheko hicho kilimfunika yeye. Alijua kwamba mgeni aking'ara, kipindi ndicho kinachosifiwa.

Kwa wachekeshaji chipukizi, kochi lake lilikuwa mlango wa maisha. Mtu alisimama mbele ya pazia, akatoa utani wake kwa dakika chache, kisha akageuza shingo kumtazama Carson. Akiitwa kukaa, amefika. Ellen DeGeneres aliitwa mara ya kwanza tu alipotokea, mwaka 1986, baada ya kuigiza kumpigia Mungu simu. Hakuna mchekeshaji mwanamke aliyewahi kupewa heshima hiyo kabla yake.

Lakini mlango ulioweza kufunguka uliweza pia kufungwa. Mchekeshaji Joan Rivers aliinuliwa na Carson tangu 1965, akawa mshika nafasi wake wa kudumu. Mwaka 1986 alipopata kipindi chake mwenyewe kwenye kituo pinzani cha Fox, Carson hakuzungumza naye tena. Inauma kusoma habari hiyo. Aliyejua kukaribisha vile hakujua kuaga.

Usiku wa mwisho hakualika mgeni. Alikalia kigoda mbele ya watazamaji wanaokadiriwa kufika milioni 50, akawashukuru, akaondoka, na kwa zaidi ya miaka 12 hakuonekana tena kwenye televisheni ila kwa nadra sana. Hata hivyo asubuhi aliendelea kusoma magazeti na kuandika utani, akimtumia mwendeshaji mwenzake wa vipindi vya usiku, David Letterman, ambaye mara nyingine aliutumia katika kipindi chake. Carson alifariki tarehe 23 Januari 2005. Wiki moja baadaye Letterman alisimama akatoa utani wa ufunguzi kama kawaida, watu wakacheka. Kisha akakaa mezani, akawaambia kwamba utani wote walioucheka ulikuwa umeandikwa na Johnny.