Ligi ya Daraja la Pili huko Uingereza

Wasomaji wengi wa gazeti letu watakumbuka mechi ya mwisho ya mabweni muhula uliopita. Mabweni matatu tulikuwa tukigombea nafasi mbili za kundi la juu. Bweni letu lilikuwa limekwisha maliza mechi zake, na mabweni mengine mawili, ambayo kwa heshima sitayataja, yalihitaji sare tu ili yaingie yote mawili. Tulikaa ukingoni mwa kiwanja tukiomba apatikane mshindi, awe yeyote. Hakupatikana. Kwa dakika sabini vijana wale walipigiana pasi kama watu wanaojuliana hali, na golikipa mmoja nilimwona kwa macho yangu akitafuna muwa.

Tangu siku ile nimekuwa nikisoma habari za Daraja la Pili la Uingereza, maana jambo kama hilo liliwapata Waingereza mwaka wa 1898, nalo likabadili sheria zao.

Ligi yao, iitwayo Football League, ilianza mwaka wa 1888 kwa klabu 12 tu. Klabu nyingine zilizobaki nje ziliunda ligi yao mwaka uliofuata, Football Alliance. Mwaka wa 1892 ligi hizo mbili ziliungana, na hapo ndipo lilipozaliwa Daraja la Pili, nalo lilikuwa na timu 12.

Hapo mwanzo kuwa bingwa wa Daraja la Pili hakukutosha. Timu tatu za juu zilipambana na timu tatu za mwisho za Daraja la Kwanza katika mechi za majaribio. Small Heath, ambayo leo ni Birmingham City, ilikuwa bingwa wa kwanza kabisa, mwaka wa 1893. Lakini katika jaribio ikafungwa na Newton Heath, ndiyo Manchester United ya leo, ikabaki pale pale. Sheffield United, iliyokuwa ya pili nyuma yake, ikapanda. Fikirini uchungu wa bingwa huyo!

Mwaka wa 1896 majaribio yaligeuzwa yakawa ligi ndogo ya timu nne, mbili za kutoka juu na mbili za kutoka chini, na pointi zikahesabiwa. Hapo ndipo penye kosa. Tarehe 30 Aprili 1898 Stoke ilikutana na Burnley, na kila mmoja alihitaji sare tu. Mechi ikaisha 0–0. Inasimuliwa kwamba watazamaji walichukizwa hata wakawa wanauzuia mpira kila ulipoingia kwao. Walioachwa nje ni Newcastle United, na mimi nawahurumia kama ndugu zangu.

Wakubwa wa Ligi waliona haya. Waliongeza timu za Daraja la Kwanza kutoka 16 hadi 18, wakaziingiza Newcastle na Blackburn Rovers pia, kisha wakafuta majaribio kabisa. Tangu hapo timu mbili za kwanza zilipanda na mbili za mwisho zilishuka, basi. (Walakini mwaka wa 1919 Arsenal ilipandishwa kwa kura ingawa haikuwa katika nafasi mbili za kwanza. Mashabiki wa Tottenham, ambao timu yao ilishushwa kwa kura hiyo hiyo, hawajasahau.)

Kuanzia mwaka wa 1974 zikawa timu tatu za kupanda na tatu za kushuka. Sheria hiyo iliwafaa sana Nottingham Forest: walipanda mwaka wa 1977 wakiwa wa tatu, mwaka wa 1978 wakawa mabingwa wa Uingereza, na miaka ya 1979 na 1980 wakachukua Kombe la Ulaya.

Jina limebadilika mara mbili. Ligi Kuu ilipojitenga mwaka wa 1992, Daraja la Pili likaitwa la Kwanza, na tangu mwaka wa 2004 huitwa Championship. Lina timu 24, na kila moja hucheza mechi 46, nyumbani na ugenini. Mbili za kwanza hupanda moja kwa moja.

Nafasi ya tatu hugombewa, maana mwaka wa 1987 majaribio yalirudishwa. Lakini safari hii ni mtoano, na tangu mwaka wa 1990 fainali ni mechi moja. Sare haimfai mtu: zikiisha dakika za nyongeza hupigwa penalti. Aston Villa ilipanda kwa njia hiyo mwaka wa 2019, na Januari 2020 Mbwana Samatta wetu akajiunga nayo. Luton Town, ambayo miaka kumi tu kabla yake ilikuwa nje ya Ligi kabisa, iliishinda Coventry City kwa penalti mwaka wa 2023, ikaingia Ligi Kuu.

Kamati ya michezo ya shule itakutana wiki ya pili ya muhula ujao kupanga mashindano ya mabweni. Nimependekeza nafasi ya mwisho iamuliwe kwa mechi moja ya mtoano, na penalti ikibidi. Bwana Mwalimu wa michezo amekwisha pokea barua yangu, na nakala nimewapelekea manahodha wa yale mabweni mawili.