Wimbo wa Kijaluo katika Filamu ya Kiingereza: Mfano wa Ayub Ogada

Katika uhakiki wa filamu, wimbo huchukuliwa mara nyingi kuwa pambo la mandhari. Makala hii inapinga mtazamo huo kwa kurejelea kazi ya Ayub Ogada (1956–2019), mwanamuziki wa Kenya aliyezaliwa Mombasa. Mwaka 1985 aliigiza katika filamu ya Out of Africa kwa jina la Job Seda. Miaka 20 baadaye, wimbo wake Kothbiro, uliokwisha kutoka katika albamu ya En Mana Kuoyo (1993), ulitumika katika The Constant Gardener, filamu ambayo muziki wake ulitungwa na Alberto Iglesias.

Mtindo wa Ogada ni wa kiasi: nyatiti, ala ya Wajaluo yenye nyuzi 8, hurudia kipande kifupi, na sauti yake hupita juu bila haraka. Jina Kothbiro lina maana ya “mvua inakuja”. Asiyejua Kijaluo husikia huzuni tu. Anayekijua husikia pia habari ya jambo linalokaribia. Kwa hiyo, maneno ya nyimbo hayana budi kuchambuliwa pamoja na mazungumzo ya wahusika.