Dalili, Ute na Uchafu: Msamiati wa Ishara za Mwili baada ya Kujamiiana

Neno dalili limeingia katika Kiswahili kutoka Kiarabu, na maana yake ya msingi ni kitu kinachoelekeza kwenye kitu kingine. Ndiyo maana husemwa kwamba dalili ya mvua ni mawingu: wingu si mvua, bali hutufahamisha kwamba huenda mvua ikanyesha. Katika lugha ya afya neno hili hubeba maana hiyohiyo. Maumivu si ugonjwa, wala usaha si ugonjwa. Ni mambo yanayoelekeza kwenye ugonjwa, na wakati mwingine hayaelekezi kwenye ugonjwa wowote.

Makala haya yanafafanua maneno yanayotumika kueleza hali ya mwili baada ya kujamiiana. Kwa mfano wa mahali tumechagua Mkuyuni, kata ya Wilaya ya Morogoro iliyo katika miteremko ya mashariki ya Milima ya Uluguru, kwenye barabara itokayo Morogoro mjini kuelekea Matombo na Kisaki. Jina lenyewe ni Kiswahili cha kawaida: mti wa mkuyu na kiambishi tamati -ni cha mahali, na kwa sababu hiyo hupatikana pia kwingineko nchini, kama vile Mwanza. Katika Mkuyuni ya Uluguru watu wengi husema Kiluguru nyumbani na Kiswahili mbele ya mhudumu wa afya. Mtu anayeumwa huko huwa anatafsiri mwili wake mwenyewe kabla hajafungua kinywa.

Neno likiwa kipimo

Katika zahanati nyingi za Tanzania magonjwa ya ngono hutibiwa kwa kufuata kundi la dalili. Mhudumu husikiliza maelezo ya mgonjwa, humchunguza, kisha huliweka tatizo katika mojawapo ya makundi yanayojulikana: kutokwa na usaha katika mrija wa mkojo, kutokwa na majimaji yasiyo ya kawaida ukeni, vidonda sehemu za siri, maumivu chini ya kitovu, uvimbe wa korodani, uvimbe wa kinena. Kila kundi lina dawa zake. Utaratibu huu uliwekwa ili mgonjwa apate tiba siku hiyohiyo, hata pale ambapo hakuna maabara kamili.

Hapo ndipo msamiati unapopata uzito. Pasipo kipimo cha maabara, neno la mgonjwa ndilo kipimo cha kwanza. Mwanamke akisema "nasikia vibaya huku chini," hajasema jambo linaloweza kutibiwa. Akisema "nakojoa kwa maumivu na natokwa na majimaji ya kijani," amekwisha kumwongoza mhudumu nusu ya safari. Vivyo hivyo, mtafsiri wa kipeperushi au mwalimu anayechagua neno lisilofaa humwekea mgonjwa kikwazo asichokiona.

Jina la tendo

Kabla ya dalili huja swali kuhusu tendo lenyewe, na hapa Kiswahili kina maneno kadhaa yasiyolingana.

Kujamiiana ni neno rasmi na lisilohukumu. Hufaa katika maandishi ya afya, ya sheria na ya shule. Ngono ni neno la Kibantu ambalo zamani lilitaja pia zamu ya mke kulala na mume katika ndoa ya wake wengi. Leo maana iliyoenea ni tendo la kujamiiana kwa ujumla. Zinaa, neno la Kiarabu, ni kujamiiana nje ya ndoa, na hubeba hukumu ya dini. Kwa hiyo istilahi magonjwa ya zinaa, ingawa imezoeleka sana, ina kasoro ya maana: mke aliyeambukizwa na mumewe ndani ya ndoa hakufanya zinaa, lakini jina la ugonjwa wake linamshtaki. Magonjwa ya ngono, au maambukizi yatokanayo na kujamiiana, ni istilahi zinazotaja njia ya maambukizi bila kumhukumu mtu.

Tendo la ndoa ni tafsida yenye heshima, nayo hupendwa na wahudumu wengi. Hata hivyo ina mtego. Kijana wa miaka ishirini na kitu ambaye hajaoa, akiulizwa "Je, umefanya tendo la ndoa hivi karibuni?" anaweza kujibu "hapana" kwa unyofu kabisa, kwa kuwa hana ndoa. Jibu lake ni sahihi kwa lugha, lakini ni kosa kwa tiba. Kulala na mtu na kukutana na mtu nazo zina utata wake. Katika dodoso au fomu ya afya, andika kujamiiana.

Kitokacho mwilini: ute, majimaji, usaha, uchafu

Kitenzi kinachotumika hapa ni tokwa, na mtu mwenyewe ndiye kiima: "ametokwa na damu," "anatokwa na usaha." Kinachofuata kiunganishi na ndicho kinachobeba maana yote.

Ute ni majimaji mazito, yenye kuteleza na kuvutika, kama sehemu nyeupe ya yai bichi. Uke wenye afya huwa na ute, na ute huo hubadilika katika mzunguko wa mwezi: siku zilizo karibu na yai kupevuka huwa mwepesi, angavu na wenye kuvutika, siku nyingine huwa mzito au mchache. Baada ya kujamiiana bila kondomu, ute na shahawa hutoka pamoja kwa saa kadhaa. Hilo si dalili ya ugonjwa.

Majimaji ni neno pana lisilosifu wala kulaumu. Huhitaji kivumishi au maelezo: majimaji meupe na mazito kama maziwa ya mgando, yanayoambatana na mwasho, huelekeza kwenye fangasi, majimaji ya njano au kijani yenye povu huelekeza kwenye trikomona, majimaji ya kijivu yenye shombo, hasa baada ya kujamiiana, huelekeza kwenye kuvurugika kwa bakteria wa kawaida wa ukeni. Msomaji aone jinsi neno shombo, ambalo ni harufu ya samaki, linavyotosha mahali ambapo watafsiri wengi huandika "harufu mbaya." Harufu mbaya ni hukumu, ilhali shombo ni maelezo. Aone pia kwamba hali ya kwanza na ya tatu hazihitaji mtu kuambukizwa na mwenziwe ndipo zitokee.

Usaha ni majimaji mazito ya njano au meupe yatokanayo na kidonda au maambukizi. Mwanamume anayetokwa na usaha uumeni, mara nyingi siku 2 hadi 7 baada ya kujamiiana, huenda ana kisonono. Umbo la neno kisonono linafanana na kitenzi sonona, kuhisi maumivu ya ndani kwa ndani, na anayekojoa akiwa na ugonjwa huo haoni ajabu katika kufanana huko.

Uchafu ndilo neno lenye madhara. Vipeperushi na mazungumzo ya kila siku husema "kutokwa na uchafu ukeni" kwa kila kitu kitokacho. Neno hili hufanya makosa mawili kwa pamoja. Kwanza, huugeuza ute wa kawaida kuwa taka, na mwanamke mwenye afya huanza kujiosha ndani kwa sabuni, limau au maji ya chumvi. Kuosha huko ndiko kunakowaondoa bakteria walinzi na kuleta maradhi ambayo hayakuwapo. Pili, humfanya mgonjwa wa kweli aone haya. Nani atakayesimama mbele ya mtu mwingine na kusema kwamba yeye hutoa uchafu? Atasema "tumbo linauma," naye atapewa dawa ya tumbo. Tunapendekeza majimaji ya ukeni kwa jumla, ute kwa hali ya kawaida, na majimaji yasiyo ya kawaida kwa dalili. Neno uchafu libaki kwa vitu vichafu.

Damu na maneno yake

Hedhi ni damu ya kila mwezi. Kuvunja ungo ni msichana kupata hedhi yake ya kwanza. Watafsiri wageni hukosea hapa: kwa kuwa ungo hutajwa pia katika kamusi kwa maana ya kizinda, hudhani kwamba msemo huu unahusu kujamiiana kwa mara ya kwanza. Hauhusu. Katika mila za Waluguru, kama ilivyo kwa jamii jirani, msichana aliyevunja ungo huitwa mwali, na zamani alikaa ndani kwa muda mrefu akifundwa na wanawake wakubwa. Kumtafsiri mwali kuwa aliyekwisha kujamiiana ni kumsingizia.

Kizinda ni utando mwembamba kwenye mlango wa uke. Wanawake wengi hawatoki damu wanapojamiiana kwa mara ya kwanza, kwa sababu utando huo hutofautiana kwa umbo na kwa kunyumbuka. Kukosekana kwa damu hakuthibitishi lolote, ingawa lugha imehifadhi neno kisarawanda, nguo nyeupe iliyotandikwa usiku wa harusi ili kuitafuta damu hiyo.

Kutokwa na damu baada ya kujamiiana, nje ya hedhi na hasa kukijirudia, ni dalili isiyofaa kufunikwa kwa tafsida. Huweza kuwa mchubuko mdogo au maambukizi. Huweza pia kuwa dalili ya saratani ya shingo ya kizazi, ambayo ndiyo saratani inayoongoza kwa wanawake wa Tanzania. Ndiyo maana mwaka 2018 nchi ilianza kuwachanja wasichana wa miaka 14 dhidi ya virusi vinavyoisababisha. Sababu nyingine husahaulika: kichocho. Vijidudu vya kichocho cha mkojo hutoka kwa konokono wa majini na kupenya ngozi ya mtu anayeoga, kufua au kulima katika maji yaliyotulia. Kwa wanawake mayai yake huweza kukaa ukeni na katika shingo ya kizazi, yakaleta vidonda na damu baada ya kujamiiana. Mwanamke kama huyo akiambiwa "una ugonjwa wa zinaa," ndoa huweza kuvunjika kwa sababu ya kijito cha maji.

Tofautisha pia matone ya damu, ambayo ni kidogo, na kuvuja damu, ambako ni kwingi na hatari. Vitenzi hivi havibadilishani nafasi.

Kuwashwa, kuuma, kuunguza

Kitenzi washa kina maana ya kutia moto na pia ya kuleta hamu ya kujikuna. "Ninawashwa" kwa kawaida humaanisha kujikuna. Lakini mgonjwa asemaye "mkojo unaniwasha" aghalabu humaanisha kuchoma. Mhudumu mwangalifu huuliza tena: "Unatamani kujikuna, au panachoma kama pilipili?" Mwasho huelekeza kwanza kwenye fangasi, kuunguza wakati wa kukojoa huelekeza kwenye maambukizi ya njia ya mkojo, kisonono au klamidia. Maambukizi ya njia ya mkojo, ambayo watu wameyazoea kwa jina la yutiai, huweza kuchochewa na kujamiiana bila kuambukizwa na mwenzi.

Vidonda na uvimbe

Kaswende huanza kwa kidonda kisichouma, mara nyingi wiki tatu hivi baada ya kuambukizwa. Kidonda hicho hupona chenyewe, lakini ugonjwa hubaki mwilini. Pangusa ni kidonda laini chenye maumivu. Mtoki ni uvimbe wa tezi za kinena. Neno hili hutumika kwa uvimbe wowote wa mahali hapo, hata unaotokana na kidonda cha mguu, hivyo si jina la ugonjwa mmoja. Swali "je, kinauma?" hutenganisha kaswende na pangusa upesi zaidi kuliko majina yenyewe.

Ugonjwa au maambukizi?

Neno ugonjwa hudai kuugua, ilhali maambukizi hayadai. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba mwaka 2020 kulitokea maambukizi mapya milioni 374 ya kisonono, klamidia, kaswende na trikomona kwa watu wa miaka 15 hadi 49, na mengi ya maambukizi ya namna hii hayana dalili yoyote. Kwa sababu hiyo istilahi maambukizi ni sahihi zaidi pale makala yanapohimiza upimaji. Vivyo hivyo mtu huambukizwa VVU. Haambukizwi Ukimwi, ambao ni hali inayofuata baadaye VVU visipodhibitiwa kwa dawa.

Sentensi "hakuna dalili" kwa hiyo isitafsiriwe "ni mzima." Aliyebakwa, au aliyejamiiana bila kinga na mtu mwenye VVU asiyetumia dawa, asingoje dalili: dawa za kuzuia maambukizi ya VVU huanzwa mapema iwezekanavyo, nazo hazifai kuanzwa baada ya saa 72 kupita.

Kwa mwalimu na mtafsiri

Andika kwanza kitu kinachotoka, rangi yake, harufu yake, muda wake na mahali penyewe. Jina la ugonjwa liachie mhudumu. Linganisha sentensi hizi mbili:

"Mama, natoka uchafu, naona aibu hata kusema."

"Mama, tangu siku nne zilizopita natokwa na majimaji ya njano, na kila nikijamiiana naona matone ya damu."

Wahenga walisema mficha uchi hazai. Methali hiyo humtaka mgonjwa aseme, nasi wenye lugha hutudai tumpe maneno anayoweza kuyatamka bila kuinamisha uso.