Siku 30 baada ya barua ya kuachishwa kazi

Mfanyakazi wa Tanzania Bara anayeona ameachishwa kazi isivyo halali ana siku 30 tu za kufikisha mgogoro wake kwenye Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo wengi huiita CMA. Muda huo umewekwa na kanuni za usuluhishi na uamuzi za mwaka 2007, Tangazo la Serikali Na. 64. Migogoro mingine ya kazi, kama mishahara isiyolipwa, imepewa siku 60. Jirani Kenya, Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inatoa miaka 3, ingawa huko mahakama haina uwezo wa kuiongeza. Kwa mtu aliyekatiwa mshahara ghafla, mwenye kodi ya nyumba na ada za watoto za kuhangaikia, siku 30 huyeyuka upesi mno.

Siku huhesabiwa kuanzia tarehe ajira iliposita, au tarehe mwajiri alipotoa uamuzi wa mwisho wa kumwachisha mtu kazi au wa kuuthibitisha uamuzi huo. Maneno hayo ya mwisho yana uzito. Aliyekata rufaa kwa utaratibu uliopo kazini huhesabiwa tangu rufaa yake ilipoamuliwa. Barua ya kumwomba meneja afikirie upya si rufaa, na haisimamishi siku.

Hapo ndipo wengi wanapoumia. Ofisa rasilimali watu anamwambia mtu avute subira, suala lake linashughulikiwa. Mwingine anaogopa kwamba akienda Tume atacheleweshewa mafao, hivyo anangoja alipwe kwanza. Wapo wanaoanzia ofisi ya mkuu wa wilaya, na wapo wanaofungua kesi mahakama isiyohusika. Ni watu waungwana wanaotaka yaishe kwa mazungumzo, na inauma kuona uungwana huo unawagharimu haki. Lakini mazungumzo na mwajiri kwa kawaida hayakubaliwi kuwa sababu ya kuchelewa, wala kutojua sheria hakumwokoi mtu.

Aliyechelewa bado ana njia. Pamoja na fomu namba 1 ya kufungua mgogoro, anajaza fomu ya kuomba kuongezewa muda na kuambatisha hati ya kiapo. Tume hupima amechelewa kwa kiasi gani, kwa sababu gani, madai yenyewe yana nguvu kiasi gani na mwajiri ataathirika vipi. Mahakama ya Rufani imeshikilia mara nyingi kwamba kila siku iliyopita lazima ielezwe, hata kama ni moja.

Chukua mlinzi aliyeachishwa kazi tarehe 3 Machi. Siku zake zinaisha 2 Aprili, naye anafika Tume tarehe 20 Aprili, amechelewa siku 18. Ana cheti cha hospitali kinachoonyesha alilazwa kuanzia 28 Machi hadi 9 Aprili. Cheti hicho kinafunika siku 7 za kuchelewa kwake; siku 11 zilizobaki zinahitaji maelezo yake, na kiapo kinachosema tu kwamba alikuwa anaumwa hakitoshi. Vinavyomsaidia ni vitu vidogo: tarehe ya kliniki ya marudio, tiketi ya basi ya kurudi kutoka kijijini alikouguziwa, risiti ya aliyemwandalia kiapo.

Akikubaliwa, mgogoro unaanzia kwenye usuluhishi, na usipomalizika unakwenda kwa mwamuzi. Huko mzigo unahamia kwa mwajiri, ambaye ndiye anayetakiwa kuthibitisha kwamba sababu ya kumwachisha ilikuwa halali na utaratibu ulifuatwa. Ndiyo maana ombi la muda huamua mengi: likikataliwa, mwajiri haulizwi chochote kati ya hayo. Asiyeridhika na uamuzi unaokataa ombi lake anaweza kupeleka maombi ya marejeo Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, ndani ya wiki 6 tangu alipopewa nakala ya uamuzi huo.