Derby Ni Dakika Mbili na Nusu: Mtu wa Busia Ajipange Vipi?

Kenya Derby huisha kwa kama dakika mbili na nusu. Ukiinama kufunga kamba ya kiatu, ukiinuka farasi washapita kona ya mwisho. Lakini kwa mtu wa Nangina, Malaba au Busia mjini, hizo dakika zinaweza kula wikendi nzima na pesa ya kodi ya nyumba. Ndiyo maana lazima ujipange mapema.

Najua kuna msee ashaanza kucheka. Farasi na sisi wapi na wapi? Tulia kidogo. Huu mpaka wetu ndio uliozaa bodaboda. Miaka ya 60, vijana wa huku walikuwa wanavusha watu na mizigo kwa baiskeli kati ya Kenya na Uganda, na jina likatoka hapo hapo mpakani, likaenea Afrika Mashariki yote. Watu waliozoea kushika usukani na abiria mgongoni hawawezi kushindwa kumwelewa joki anayeongoza mnyama wa karibu kilo 500.

Derby yenyewe ni nini?

Inakimbiwa Nairobi, kwenye kiwanja cha Ngong, ambacho kimekuwa hapo tangu 1954 chini ya Jockey Club of Kenya. Umbali ni mita 2,400, juu ya nyasi. Wanaoruhusiwa ni farasi wa miaka mitatu peke yao. Maana yake kila farasi ana nafasi moja tu maishani. KCSE unaweza kurudia. Derby hairudiwi. Ukiona watu wazima wanapiga kelele mpaka sauti inakauka, sababu ni hiyo.

Na usidhani ni mambo ya Wazungu tu. Ni kweli mchezo uliletwa na walowezi, lakini leo ukienda Ngong utaona vijana Waafrika juu ya matandiko, na mmoja wa majoki waliotamba pale miaka ya karibuni ni mwanamke, Lesley Sercombe. Hata Marekani historia ina mambo. Kentucky Derby ya kwanza, mwaka 1875, ilikuwa na majoki 15, na 13 kati yao walikuwa weusi. Aliyeshinda, Oliver Lewis, alikuwa mmoja wao.

Ukitaka kwenda mwenyewe

Kenya Derby kwa kawaida huwa Aprili, siku ya Jumapili. Kwanza hakikisha tarehe kwenye kurasa za Jockey Club kabla hujalipa nauli, kwa sababu Aprili ni msimu wa mvua na ratiba inaweza kubadilika. Pili, angalia kalenda ya shule na Pasaka. Wewe unajua nauli ya Nairobi huwa inafanya nini wanafunzi wakifunga. Kata tiketi mapema, ya kwenda na ya kurudi, hiyo ya kurudi ukiwa bado na pesa.

Hesabu ya saa ni rahisi. Panda basi la usiku Jumamosi. La Busia linapita Kisumu na Nakuru, la Malaba linapita Eldoret. Nangina uko mbali kidogo, kwa hivyo shuka Busia jua likiwa bado liko juu, usitegemee matatu ya mwisho. Utaingia Nairobi asubuhi. Uoge kwa jamaa, unywe chai, kisha uende steji ya Railways upande 111 ya Ngong. Mwambie kondakta akushushe Racecourse ya Ngong Road, ukipita Dagoretti Corner.

Mbio huanza mchana, na zinakuwa kadhaa. Usifike dakika ya Derby. Zile za kwanza ndizo za kujifunza: tazama farasi wakizungushwa kabla ya kukimbia, uone nani ametulia na nani anatoka jasho bure. Joki anatambulika kwa rangi za nguo zake, ambazo ni za mwenye farasi. Shika rangi moja akilini, maana wakipita wote pamoja hutasoma namba. Jioni unarudi steji, Jumatatu asubuhi uko nyumbani. Kama una kibarua Jumatatu, omba ruhusa kabla ya kusafiri.

Ukitaka ya simu

Kama doo haitoshi, kuna Kentucky Derby, Jumamosi ya kwanza ya Mei. Hapa ndipo watu wanakosea saa. Mei, Louisville iko nyuma yetu kwa saa 7. Wao wanakimbia kabla kidogo ya saa moja jioni, kwetu hiyo ni kabla kidogo ya saa nane usiku, na tayari ni Jumapili. Ukikaa mbele ya skrini Jumamosi jioni utaona kofia na mahojiano mpaka bando iishe.

Kwa hivyo lala. Weka kengele saa saba na nusu usiku. Chaji simu mapema, stima huku haina ahadi. Halafu fanya jambo moja ambalo mtu wa Nakuru hahitaji: ingia kwenye mipangilio ya simu uchague mtandao wa Kenya kwa mkono. Ukiiacha ijichagulie, karibu na mpaka inaweza kudaka mnara wa Uganda na ukalipia bei ya mgeni ukiwa kitandani kwako. Mbio zenyewe ni za dakika mbili hivi. Tangu 1973, Secretariat alipomaliza kwa dakika 1 na sekunde 59.4, hakuna aliyevunja rekodi hiyo.

Sasa pesa

Wengi wetu tulikutana na farasi kwenye skrini ya duka la kubeti: wale wa kompyuta. Hao hawachoki, hawateleza kwenye matope, matokeo yanachaguliwa na programu, na baada ya dakika chache wengine wako mlangoni. Hapo hakuna cha kupangia, ndiyo maana mtu anaingia na mia mbili saa tano na kutoka bila nauli saa kumi.

Hata kwenye farasi wa kweli, elewa hesabu ya beti za mfuko mmoja. Tuseme watu 100 wameweka shilingi 100 kila mmoja. Mfuko ni 10,000. Mwenye mchezo anatoa chake kwanza, tuseme 2,000. Zinabaki 8,000. Kama watu 64 walimchagua yule farasi maarufu na akashinda, kila mmoja anapata 125. Umepatia, umeshangilia, na faida yako ni chapati moja.

Kwa hivyo andika bajeti kwenye karatasi kabla ya siku: nauli, chakula, kiingilio, bando. Kama lazima uweke beti, iandike hapo hapo pamoja na matumizi mengine, kama pesa iliyokwisha kwenda, na iwe mara moja. Ikiisha, macho bado unayo, na Derby inatazamwa kwa macho.